Betri za Redio na Chumba cha Mama Mkwe

Vita vilipoingia Juba vilimleta mama mkwe wangu nyumbani kwetu New Site, kutoka mtaa wa Lemon Gaba, na magodoro mawili na birika la kahawa. Kwa desturi ya kwao, mkwe haingii chumba cha mama mkwe, hali chakula mbele yake, wala hatazamani naye uso kwa uso. Desturi hiyo ilitungwa na watu wenye viwanja vikubwa. Sisi tulikuwa na vyumba viwili na ukumbi mwembamba.

Tulimpa chumba cha ndani, dirisha tukaliziba kwa magunia ya mchanga. Yeye akaingiza kanun, jiko lake la mkaa, maana bila kahawa ya tangawizi haishi, na uani hapakuwa pa kukaa kwa risasi. Jirani yetu mmoja mgeni, alipokimbilia uwanja wa ndege, alituachia king'ora kidogo cheupe cha kunusa sumu ya mkaa, ile isiyo na harufu. Mke wangu akakitundika ukutani kwa mama yake. Nilifurahi sana. Nina digrii, napenda kuona sayansi ukutani.

Asubuhi moja sayansi ikaanza kulia. Mlio mmoja mfupi, kimya, mlio mwingine. Mke wangu alikuwa ametoka kufuata maji kwenye tangi la lori. Nyumbani tulibaki mimi ukumbini na mama mkwe nyuma ya pazia la mlango wake.

"Baba ya watoto," akaita kwa Kiswahili tulichorudi nacho sote kutoka Uganda, "hii kitu yako iko nalia kama kifaranga. Na kichwa iko nauma mimi."

"Kinacholia ni betri, Mama. Kinachouma kichwa ni mkaa. Toa jiko nje."

"Nje iko na risasi. Ndani iko na kifaranga. Mimi nachagua kifaranga."

Maduka yalikuwa yamefungwa, na malori yenye bidhaa yamekwama njiani, Nesitu. Betri nzima zilikuwa mbili tu mjini, kwa hesabu yangu ya uchungu, nazo zilikuwa ndani ya redio yangu, ambayo dakika hiyo hiyo ilikuwa inataka kutuambia kama barabara ya Nimule, ya kwenda Uganda, iko wazi. Nilizitoa. Nikaziweka kwenye mwiko, nikausukuma mwiko chini ya pazia kama mtu anayemlisha mbwa asiyemjua.

"Sasa tazama upande wenye..." Nikanyamaza. Ile ncha ya betri, katika kila Kiswahili ninachokijua, ina jina moja tu, la kile anachonyonya mtoto, na jina hilo halitajwi kwa mama mkwe. "Upande wenye kichwa," nikasema.

"Betri iko na kichwa?"

"Kidogo, Mama."

"Kama yako."

Nikasikia kifuniko kikibanwa. Mlio ukakoma.

"Khalas. Imelala. Asante."

Nilitamani kuupiga ukuta. Kifaa kile kikiwa kizima hunyamaza, na betri zikiingia kinyume hunyamaza vilevile. Nikamwambia aminye kitufe cha katikati tujue.

"Mtoto amelala, wewe nataka mimi niamshe?"

Nikamweleza. Nilieleza vizuri, kwa mifano, kama niko mbele ya darasa. Alipojibu, alijibu polepole mno, na alichosema kilikuwa kilekile cha mtoto aliyelala, ila sasa ulimi ulikuwa mzito. Halafu hakusema kitu.

"Mama?"

Nikashika pazia.

"Mama, naingia."

"Unaingia wapi!" Ghafla akawa macho. "We! Shika adabu yako! Nageuza, nageuza hiyo vichwa yako!"

Akazigeuza. Akaminya. King'ora kikapiga kelele iliyotikisa mabati, naye akapiga yake juu yake. Alipoachia kitufe, king'ora hakikuacha.

"Zima!"

"Si cha kuzima, Mama, ni cha kukimbia! Toka nje!"

"Natoka namna gani? Wewe umesimama kwa mlango!"

Ilikuwa kweli. Nikatoka mbio uani, mvua inanyesha, nikasimama nimeukabili ukuta wa kiwanja. Nikasikia ndara zake zikiburuta, zikisimama, zikiburuta tena. Nilitaka kugeuka nimshike mkono, sikugeuka. Akaketi kwa kishindo juu ya kinu kilichopinduliwa, akatapika, akavuta pumzi, akanitukana. Matusi yalikuwa na nguvu, nikashukuru.

Chumba sasa kilikuwa kitupu. Nikabana pumzi, nikaingia, nikatoka na jiko.

"Umeingia chumba yangu?"

"Hapana, Mama."

Jiko lilikuwa pale, katikati yetu, linafuka mvuani.

Mke wangu alifika na madumu yake akatukuta hivyo: mimi nimetazama ukuta, mama yake ametazama ukuta wa pili, na nyumba inapiga mayowe peke yake.

"Muulize bwana yako," mama mkwe akamwambia, "redio nasema nini? Barabara imefunguka?"