Tarakimu Tatu Juu ya Karatasi ya Majibu

Kwetu hakuna karatasi inayoanza bila 786. Baba yangu anauza vitenge na mashuka hapa Singida Mjini. Babu yake alikuja na biashara kutoka pwani akaoa Mnyaturu, na tangu hapo kila ukurasa wa daftari la duka unaandikwa 786 juu, hesabu ya herufi za Bismillahi, kwa kuombea baraka, ndipo mengine yafuate. Mimi nimeandika hivyo msingi hadi sekondari. Nikiandika orodha ya nyanya na vitunguu, naanza na 786. Sifikirii, mkono unakwenda wenyewe.

Ndivyo nilivyoipoteza kazi.

Kazi yenyewe ilikuwa msaidizi wa ofisi, halmashauri. Kubeba mafaili, kupokea wageni, kuchemsha chai ya vikao. Nafasi moja tu. Mwenye digrii angeicheka, mimi niliiota. Nina cheti cha kidato cha nne na mtoto wa miezi saba. Baba wa mtoto yuko Rungwa na mizinga yake ya nyuki, na mwanamke mwingine pia. Sina cha kumngojea.

Siku ya usaili wa kuandika, mdogo wangu alikaa nje ya ukumbi na mtoto wangu mgongoni. Msimamizi akasoma masharti: hakuna jina, hakuna saini, hakuna alama yoyote isipokuwa namba ya usaili. Nilisikia. Sitadanganya hapa kwamba sikusikia. Lakini mtoto akaanza kulia, maziwa yakanitoka yakalowanisha blauzi, na nikawa naomba tu tuanze ili tumalize. Tukaambiwa anzeni. Nikaandika 786 juu, nikaandika namba yangu ya usaili, nikajibu maswali yote na muda ukabaki.

Matokeo yalibandikwa ubaoni. Wenzangu wana alama zao, hata waliofeli. Mbele ya namba yangu: "Ameondolewa. Alama ya utambulisho."

Nikaingia ofisini moja kwa moja.

"Alama gani? Nimejichora uso?"

"Dada, usinijie juu," karani akasema. "Umeweka tarakimu zako pale ili msahihishaji akujue."

"Msahihishaji yupi? Hapa simjui hata anayefagia!"

"Mimi sisahihishi. Andika rufaa, una siku saba."

Nikaandika siku hiyo hiyo, karatasi tatu, na kila ukurasa nikaushika mkono wangu usiandike ile namba. Nikaitwa kwenye kikao. Wazo la kwenda na ushahidi lilikuwa langu, sikushauriwa na mtu. Nikasema, nikiwaonyesha kwamba ni mazoea ya nyumbani, wataelewa kwamba sikupanga na yeyote. Baba akafunga duka. Akavaa kanzu ya Ijumaa ingawa ilikuwa Jumanne, akabeba kwenye mfuko wa sandarusi madaftari kumi na mawili ya duka niliyoyaandika mimi.

Walikuwa watatu mezani. Tukaamkiana, mimi shikamoo zangu tatu. Baba akayapanga madaftari mbele yao kama anayepanga vitenge.

"Tazameni wenyewe," akasema. "Hili la mwaka jana, hili aliandika bado yuko kidato cha pili. Kila ukurasa. Mwanangu hana hila."

Mwenyekiti, mzee mwenye sauti ya upole, akafunua kurasa moja moja. Mjumbe wa kike aliyevaa miwani akaiweka karatasi yangu ya majibu kando ya daftari.

"Mzee, mtu wa sokoni akiiona hii, atajua ni ya nani?"

Baba akacheka. Alikuwa ameulizwa kuhusu duka lake, basi akajibu kama mwenye duka.

"Mama, wauzaji wa jumla wote wanaijua! Saba ya huyu binti ina mstari katikati, na sita yake imelala. Nikituma mtu na kikaratasi chenye namba hii, hata jina hawaulizi, wanampa mzigo."

Mwenyekiti akaandika. Mimi nilielewa kabla hajainua kichwa. Baba alikuwa bado anatabasamu.

"Binti," mwenyekiti akasema, "umekuja kutuonyesha kwamba alama hii inakutambulisha. Hicho ndicho kanuni inachokataza. Kanuni haiulizi kama ulikusudia."

"Na mimi nakuuliza, mzee. Nilipata ngapi?"

"Karatasi haikusahihishwa."

"Hata swali moja?"

"Ikishaondolewa haisahihishwi."

"Basi isahihisheni sasa hivi, mbele yangu, halafu mniondoe! Kama nimefeli nitanyamaza. Kama nimefaulu mniambie mnamtupa mtu aliyefaulu."

"Binti, punguza sauti."

Sikupunguza. Niliwaambia mtoto amelia nje ya ukumbi wao saa nzima, na kwamba wanaiogopa saba yenye mstari kuliko wanavyomwogopa mtu asiyejua kazi. Mjumbe wa tatu akaangalia saa. Mwenyekiti akasema rufaa imekataliwa, nisiporidhika nitafute mwanasheria niende Mahakama Kuu. Na usaili wa ana kwa ana hausubiri, ni kesho asubuhi.

Baba akaanza kurudisha madaftari kwenye mfuko.

"Kwa hiyo ni mimi nimeharibu, mama?" akaniuliza. Ananiita mama tangu nikiwa mdogo.

Mimi ndiye niliyepaswa kumjibu, nikawa na hasira, sikumjibu. Hadi leo sijamjibu.

Mlangoni nikamuuliza karani karatasi yangu inakwenda wapi sasa.

"Inatunzwa na zilizoondolewa zote. Muda ukifika zinachomwa."

"Lini?"

"Hiyo idara nyingine, dada," akasema, akamwita anayefuata.