Mkangazi Wenye Vilele Viwili

Mtaani wanamwita Kinyozi, na wageni wasiojua humpelekea vichwa. Huwaelekeza kwa mwenye mashine pale kona, bila hata kucheka, akarudi kwenye misumeno yake. Yeye ananyoa miti. Ni shemeji yangu, mume wa marehemu dada yangu, na tangu dada atutoke anaishi peke yake kwenye chumba chenye viti viwili: kimoja anakalia yeye, kingine inakalia misumeno.

Kazi yake hasa ni mikangazi, ile ya mbao nyekundu ambayo watu wanaiita mahogani. Joto na mvua vinaikuza upesi, lakini kuna kiwavi anayependa kichipukizi cha juu kabisa. Akikitoboa kinakufa, na mti unababaika, unatoa vichipukizi vitatu vinne, kila kimoja kinataka kuwa mkubwa wa nyumba. Ukiviacha vyote, umejipatia kichaka. Kinyozi anachagua kimoja kilichonyooka, vingine anavikata vingali vyembamba, tena wakati wa kiangazi, kidonda kikauke haraka. Tawi nene analianza kwa chini, ndipo amalizie juu, lisije likaanguka na kuchuna gome. Halikati likawa sawa na shina, wala haachi kisiki. Anapita nje kidogo ya ule uvimbe wa shingoni mwa tawi, halafu mti unajifunga wenyewe.

Haya nimeyajua kwa dada, maana hakuwa na hadithi nyingine. Ndiye aliyekuwa akimshikia kamba ya kuteremshia matawi. Mume juu, mke chini, wanapigiana kelele kutwa nzima kama wako sokoni.

Mti mmoja tu ulimshinda Kinyozi, na uko mlangoni kwake. Waliupanda walipohamia. Kiwavi alipokula kilele, vikatoka vichipukizi viwili, vyote vizuri. Kinyozi alikuwa ameshatoa kisu, dada akamwambia aviache, visindikizane. Ndoa ilikuwa bado mbichi. Angemwambia alale nje, angelala nje.

Vikakua vikawa mashina mawili, yamebanana mpaka gome limeingia katikati. Ukiyatazama unadhani yameshikana, kumbe yanasukumana tu. Wateja wakipita wanamtania, Kinyozi, mbona kwako hakujanyolewa? Anajibu kesho. Dada akafa, kesho haijafika.

Mwaka huu nilimpelekea chakula nikaona ufa pale mashina yanapoachana, maji meusi yanachuruzika. Nikamwambia mvua za upepo zikija mti utapasuka mpaka chini, aukose wote, na nusu yake ilale juu ya bati. Akasema anajua. Nikamwambia kujua peke yake hakukati kitu. Akala amesimama, akaosha sahani, akanikabidhi. Maana yake niende.

Haikupita wiki nikamkuta asubuhi amefunga ngazi kwenye shina, kamba ameizungushia nguzo ya nyumba. Alikusudia akate kidogo, ashuke alegeze kamba, apande tena, hivyo hivyo mpaka jioni. Mtu mzima wa umri ule!

"Shemeji," nikamwambia, "ukianguka nani atakuokota? Misumeno?"

"Nimeshazoea."

"Umezoea vibaya. Lete kamba."

Hakuleta. Nikaifungua mwenyewe kwenye nguzo. Akanitazama, akasema dada yangu alikuwa anaivuta kwa kiuno. Nikamjibu kama ni kiuno, dada alikuwa anaazima kwangu. Alikaribia kucheka. Akapanda.

Akafika kwenye panda, pale mashina yanapoachana, akakaa. Msumeno magotini, hakati. Nikangoja mpaka shingo ikaniuma.

"Shemeji," akaita, "tukate lipi?"

Mimi miti siijui, lakini macho ninayo. Shina la upande wa dirisha ndilo lililoinamia paa. Ndilo hilo hilo dada alilofungia waya wa kuanikia nguo, na gome limeshaumeza waya mpaka unaona ncha tu. Yeye alijua kabla hajaweka ngazi. Alichotaka ni mtu mwingine alitamke.

"La waya," nikasema. "Na ulikate jua halijanikaanga."

Akalikata vipande vipande kutoka juu. Kila kipande anakifunga, kamba inapita kwenye shina linalobaki, mimi nateremsha polepole, viganja vinawaka moto. Kipande chenye waya kilikuja mwisho. Kikagusa chini, kamba ikalegea.

Shina lililobaki lilikuwa uchi upande mmoja, halina tawi wala jani, toka juu hadi pale kwenye kidonda. Miaka yote upande ule ulikuwa wa mwenzake. Nikamuuliza kama patajaa. Akasema kidonda kitajifunga, mti utaishi. Upande ule hautajaa kama huu.

Nikaanza kukunja kamba.

"Usiachie kwanza," akasema kutoka juu.

Nikamwambia kamba haina kitu, kipande hiki hapa miguuni kwangu.

"Najua. Shika tu."

Nikainua macho. Alikuwa ameishika upande wake, pale inapopita kwenye shina, ametazama kwingine. Nikaizungusha kiunoni kama alivyosema dada alikuwa akifanya, nikasimama pale juani, nimeshika kamba isiyo na mzigo, mpaka aliposhuka mwenyewe.