Zimwi la Nyuma ya Maporomoko

Leo tumehamia Moshono. Tulipoinua kochi, harufu ya vumbi lililolala chini yake ilinirudisha siku ile ya utotoni.

Dada yangu alikuwa ameshalimaliza gemu lake la mkononi, lile la kukamata mazimwi na kuyapiganisha. Ila nyuma ya maporomoko ya maji, humo ndani ya gemu, aligundua pango, na ndani yake zimwi jeusi ambalo si lazima ulipige. Lilimshinda kila mara. Asubuhi walipokuwa wanampeleka hospitali, aliniachia gemu. "Lipige wewe, mdogo wangu. Nikirudi nikute umelishinda."

Nilijifungia chumbani mpaka vidole vikafa ganzi. Mazimwi yake yalianguka moja moja, likabaki dogo kuliko yote, alilolipa jina langu. Hilo ndilo lililoliangusha lile jeusi.

Nikatoka mbio. "Nimelipiga!"

Sebuleni majirani walikuwa wanatoa makochi nje na kutandika mikeka, vumbi limejaa. Nikadhani wanamwandalia dada nafasi ya kulala.

"Zima hilo gemu, mwanangu," mama jirani akaniambia taratibu.

Sikulizima. Nililishika juu hivyo hivyo, nikilielekeza mlangoni, dada alione akiingia, mpaka chaji ikaisha.