Musinisukume

Siku ya kwanza ya kazi yangu nilisukumwa. Natangulia kulisema hilo kwa sababu vijana wanaonijia siku hizi wanauliza habari za medali tu, na mimi nataka wajue kilichoniumiza kichwa maisha yote. Polio tulishazoeana tangu utotoni. Mchanga wa mji wetu wa Kamina nao unajulikana ulivyo. Lakini wema wa bantu, watu wa huku, mama yangu! Hawawezi kuona mtu wa kiti cha magurudumu anapanda mlima bila kumwekea mikono mgongoni.

Aliyeniingiza kazini alikuwa Encadreur, ndivyo tulivyomwita mwalimu wa michezo. Aliniona nikipanda njia ya gare, yaani stesheni, kwenye kinga ya mikono, ile baiskeli ya magurudumu matatu ambayo pedali zake huzungushwa kwa mikono, nimebeba mafungu ya sombe, majani ya muhogo, ya kuwauzia wasafiri wa treni. Akasimama, akatazama mabega yangu kama mtu anayechagua ng'ombe.

"Weye, mutoto ya nani?"

Nikamwambia baba yangu ni fundi wa dépôt, kule wanakotengeneza mashine za reli.

"Basi kesho kuya ku dépôt. Minyi niko na kazi yako."

Kiti alikiunga Chef d'atelier, mkubwa wa mafundi, kwa mabomba aliyoyaokota huko huko. Msifikiri ni kiti cha hospitali. Kiti cha mbio kina magurudumu mawili makubwa nyuma, yameinama, juu yamekaribiana na chini yameachana, na moja dogo mbele kabisa kwenye shina refu. Unakaa umepiga magoti, kifua juu ya mapaja. Kwenye kila gurudumu kubwa kuna cerceau, yaani pete ya chuma. Mgeni huishika. Mimi nilipoishika, Encadreur alinichapa vidole: "Usishike! Piga! Piga, achilia. Piga, achilia." Tulivaa gants, glavu tulizozishona wenyewe kwa mpira wa chambre à air, ule wa ndani ya tairi, maana bila hizo ngozi ya kiganja inabaki kwenye chuma.

Basi nikawekwa chini ya mlima wa gare. Nikapiga, nikaachilia. Katikati ya mlima kiti kikawa chepesi ghafla, nami nikajisifu moyoni kwamba nimezaliwa na kipaji. Kumbe nyuma yangu yuko Mama Odette, jirani yetu, muuza beignets, maandazi yetu, pale gare, anasukuma huku anaimba wimbo wa kanisa.

Encadreur akaja mbio, kofia mkononi. "Mama, unafanya nini?"

"Niko nasaidia mutoto. Hauone iko nateseka?"

"Haiko nateseka! Iko natumika!"

Kwetu kutumika ni kufanya kazi. Mama Odette alimtazama kama mtu asiye na huruma, akafuta mikono, akaenda zake. Ndipo Encadreur akanieleza sheria iliyotawala maisha yangu: "Sikia, Ngoie. Mu mbio, mukono ya muntu ikigusa kiti yako, juge anakuondoa. Hata kama uko wa kwanza." Juge ndiye mwamuzi.

Mazoezi ya kasi tuliyafanyia Base, kambi ya jeshi, kwa sababu kule kuna lami. Nikadhani kwa wanajeshi nitapumzika na huruma. Wapi! Commandant alinitazama mara moja tu. "Madame, jeshi haiwezi kuangalia mwanamuke anachoka hivi." Akaamuru askari wawili. Walinisukuma mpaka mwisho wa lami kwa heshima zote, wakapiga saluti, wakanigeuza, wakanirudisha. Nilitaka kulia kwa hasira. Nikasema aksanti, ningefanya nini?

Kisha likaja shindano la uteuzi. Mshindi angeingia timu ya taifa, aende Kinshasa, na kutoka Kinshasa, Mungu akipenda, avuke mipaka. Njia ilipita mjini na kuishia gare, juu ya mlima ule ule. Président wa ligi aliandika tangazo. Padri alilisoma baada ya misa: wapendwa, wanariadha wa viti wasisukumwe. Watu wote wakaitika. Mama Odette alikaa kiti cha mbele, naye akaitika kwa sauti kubwa.

Nilifika chini ya mlima nikiwa nimewaacha wenzangu mbali. Mvua ilikuwa imepita, udongo unateleza, gurudumu moja likawa linazunguka pale pale. Nikapunguza nguvu, nikalitafuta jiwe la kukanyaga, nikalipata. Nilikuwa naanza kupanda tena, nasema kweli, nilikuwa napanda! Ndipo nikasikia viatu vya plastiki vinakimbia.

"Vumilia, mutoto wangu! Mama iko hapa!"

Nilifika wa kwanza. Juge alikuwa ameshainua bendera nyekundu. Mgongoni kwangu, kwenye maillot ya bluu, jezi yangu ya mbio, kulikuwa na viganja viwili vyeupe vya unga wa beignets. Hata mtu wa kubisha asingebisha.

Mwingine akaenda Kinshasa. Jioni Mama Odette alikuja kwetu na beseni la beignets za moto, amekasirika kuliko mimi. "Ule juge iko na roho mbaya! Minyi njo nilikufikisha wa kwanza, na yee anakunyima!" Nikamweleza. Nikamweleza tena. Beignets zikapoa, yeye bado anamlaani juge.

Kuanzia siku hiyo nikawa mkali. Nikampa Chef d'atelier rangi nyekundu aniandikie nyuma ya kiti, herufi kubwa: MUSINISUKUME. Aliyenigusa alisikia maneno yangu mpaka sokoni. Padri alisikia, polisi wa njiani alisikia, hata mama mkwe wangu alisikia. Watoto wakageuza neno lile kuwa wimbo, wakanisindikiza nalo kila nikipita. Waliniita mwenye kiburi, na mimi nikaendelea kupiga na kuachilia.

Shindano liliporudi Kamina, nilifika chini ya mlima nikainua macho. Kina mama walikuwa wamejipanga pande zote mbili, na Mama Odette mbele yao. Alikuwa amefunga mikono yake miwili ndani ya kitenge chake mwenyewe, fundo juu ya tumbo, ili isimponyoke. Wengine wote wamefunga hivyo hivyo. Alikuwa analia, anauma midomo, anarukaruka kama mtu aliyebanwa na mkojo, lakini hakunigusa. Nikapanda kwa mikono yangu. Kinshasa nilikwenda, na kwingine nilikwenda, lakini medali ninayoipenda ni ya mlima ule.

Sasa nimestaafu. Mabega yamekwisha, daktari kasema hivyo hivyo, yamekwisha. Mama Odette ametangulia mbele ya haki. Mimi natembelea kiti cha kawaida, na juzi nilikwama katikati ya mlima wa gare, wingu jeusi linakuja. Mikono ilikataa. Watu wakapita. "Courage, Mama Ngoie!" Wenye magari wakapunguza mwendo, wakapiga honi ya heshima, wakaenda. Mwalimu mmoja akawasimamisha wanafunzi wake wanitazame wajifunze. Matone yakaanza.

Akaja binti wa Mama Odette, ana duka lake pale juu. Nikashukuru Mungu. Akaniona, akasimama, akachukua kitenge chake, akafunga mikono yake yote miwili, akangoja kwa adabu.

"Fungua mikono," nikamwambia. "Nisukume."

"Mama, uko nanipima?"

"Sikupime! Nisukume, mvua iko nanipiga!"

Akatazama huku na huku, kama mtu anayeambiwa aibe. Akafungua fundo. Akaweka mikono mgongoni kwangu, akasukuma kwa pupa, mshazari, gurudumu likaingia kwenye kila shimo la njia ile, meno yangu yakagongana mpaka juu.

Mji mzima, jamani, hakuna tena mtu anayejua kusukuma.