Vitabu vya Wambui na Mayai ya Mama Eliudi

Enzi zetu kule mtaani Jericho, kitabu kisichovalishwa kilikuwa aibu kama mtoto aliyetoka nje bila suruali. Nyinyi mliokulia Eastlands mnajua ninachosema. Shule ikifunguliwa, Baba analeta gazeti la jana, au karatasi ya kaki kama mambo ni mazuri, Mama anatoa mkasi wake wa kushonea, na jioni nzima inaishia kwenye kukunja na kukata. Gundi ilikuwa ugali. Unauchukua ule uliobaki sufuriani ukiwa moto, unaupaka kwa kidole, na kitabu kinashika mpaka Desemba. Shida ilikuwa panya tu, maana nao walipenda sana kusoma.

Tulicheza blada, tukacheza kati, tukacheza brikicho mpaka mama zetu watuite kwa majina yale marefu ya ubatizo, na hapo ujue umeisha. Donholm ya jirani ilikuwa shamba la ng'ombe. Tassia hatukuwahi hata kuisikia, kwani nani angeenda huko kufanya nini? Leo wajukuu wangu nikiwaambia watoke wacheze nje, wananiuliza nje ni wapi, na haki siwalaumu. Nikichungulia dirishani naona nguo za jirani, na nyuma yake nguo za jirani mwingine.

Dada yangu Wambui alikuwa kifungua mimba, nami kitinda mimba. Kati yetu kulikuwa na wavulana wawili ambao hawaingii katika habari hii, kwa sababu kila palipokuwa na kazi nyumbani wao hawakuwapo. Baba alikuwa dereva wa lori, leo yuko Mombasa, kesho Malaba, kwa hiyo serikali ya nyumba yetu ilikuwa Mama. Mimi na Wambui tulilala kitanda kimoja, blanketi moja, na yeye ndiye aliyenisuka nywele, akanikagua masikio, akanifundisha kusoma saa.

Halafu, mwanzoni mwa miaka ya themanini, akamaliza kidato cha sita. Alipita vizuri sana, barua ya chuo kikuu ikaja, na Mama akaizungusha mtaa mzima mpaka ikaanza kuchanika kwenye mikunjo. Kabla chuo hakijafunguliwa, mwalimu wake wa hesabu, mama mmoja wa Kihindi aliyekuwa akihamia ng'ambo, akampa vitabu vinne. Kimoja cha aljebra, kimoja cha topolojia, kimoja cha mantiki ya kihisabati, na kingine chembamba cha kitu kinachoitwa nadharia ya kategoria, ambacho ndani yake hamna hesabu hata moja ya kujumlisha, ni mishale tu, mishale, mishale. Wambui akavivalisha vyote magazeti kwa ugali, kama ilivyokuwa desturi, akavifungia kwenye sanduku lake la chuma la shule. Kwa nje huwezi kujua kama ni hesabu au ni kitabu cha nyimbo.

Basi dada yangu akapotea akiwa ndani ya nyumba. Unamwita mara tatu ndiyo aitike. Siku moja aliniambia kwamba kwa watu wa topolojia, kikombe chenye mkono mmoja na bangili ni kitu kimoja, maana unaweza kukifinyanga hiki kikawa kile bila kukikata. Nikamwambia akanywee chai kwenye bangili. Alicheka, lakini alicheka huku akisoma. Nywele zangu zilikaa wiki mbili bila kusukwa, shuleni wakaniita kichaka, na mimi nikavichukia vile vitabu kwa moyo wangu wote.

Kila Alhamisi alasiri akina mama wa ushirika wa kanisani walikutana nyumba kwa nyumba. Zamu ilipofika kwetu, Mama alitandika vitambaa vyeupe juu ya viti na kunituma nilete chai. Wambui alikuwa ameenda sokoni Burma kununua nyama. Birika lilikuwa la moto, meza ilikuwa mpya, na mtu mwenye akili angeweka kitambaa. Mimi nilifungua sanduku nikatoa kitabu cha topolojia, nikakiweka mezani, nikatua birika juu yake. Sitasema ilikuwa bahati mbaya. Nilitaka kiungue mgongo.

Kiongozi wa ushirika alikuwa Mama Eliudi, muuza mayai, mwanamke mkubwa mwenye sauti ya kuita basi lililokwisha kuondoka. Macho yake hayakupitwa na kitu. Aliinua birika, akashika kitabu, akakifungua katikati.

"Mama Wambui," akasema polepole, "hiki ni cha nani?"

"Cha hesabu, cha msichana," Mama akajibu.

"Hesabu gani yenye pembe?"

Vikombe vikashushwa vyote pamoja. Ndiyo, palikuwa na picha. Mpira ulioota pembe mbili, kila pembe ikagawanyika ikawa mbili zinazotaka kushikana, na hizo nazo zikaota nyingine ndogo zaidi, mpaka macho yanauma. Ngai! Niliagizwa nilete vilivyobaki, nikavileta. Kile cha mantiki kilikuwa kibaya zaidi, kwa sababu humo herufi A ilisimama kichwa chini miguu juu, na E ilikuwa imeupa ukurasa mgongo. "Wamezipindua," mama mmoja akanong'ona. "Hivyo ndivyo wanavyoandika." Akina nani, hakuna aliyeuliza. Ile mishale nayo ikatiliwa shaka. Cha aljebra peke yake kilisamehewa, kwa sababu Mama Eliudi aliwahi kuona x kwenye daftari la mwanawe Eliudi na kijana alikuwa bado ameokoka.

Hukumu ilitoka kabla chai haijapoa. Jumapili baada ya ibada, waliookoka walikuwa wakichomea hirizi zao uwanjani, na vitabu vitatu vingeenda huko huko. Mama yangu hakuweza kubishana na Mama Eliudi mbele ya ushirika. Akaongeza la kwake, na hilo ndilo lililoniua: kama haya ndiyo mambo ya chuo kikuu, binti yake haendi. Mjomba alikuwa amempatia nafasi shule ya kupiga taipu, ataenda huko.

Wambui aliporudi na nyama yake aliambiwa yote akiwa bado amesimama mlangoni. Aliingia chumbani akakaa kitandani, na mimi nikamfuata, nikamwambia nikilia kwamba ni mimi niliyekitoa kitabu, na nilikitoa makusudi.

"Najua," akasema. "Mjinga pekee anayejua kufungua lile sanduku ni wewe." Nilingoja kofi, halikuja. Akaniambia nipanguse kamasi, halafu nimtafutie kipande cha makaa na boksi.

Sasa, ushirika ule ulikuwa na sheria moja ambayo hata Mama Eliudi hakuivunja: mtu akiomba kutoa ushuhuda, hanyimwi. Jumamosi akina mama walikusanyika kwa Mama Eliudi kuomba, trei za mayai zikiwa zimepangwa ukutani mpaka dirishani, na vitabu vikiwa juu ya kiti kama washtakiwa. Mama alikuwa kwenye kona, macho chini. Wambui akasimama.

"Bwana asifiwe."

"Asifiwe," wakaitikia wote, kabla ya kukumbuka kwamba wamemkasirikia.

Akachora kwa makaa kwenye kifuniko cha boksi ile A iliyopinduka. "Hii inasomwa 'kila.' Waliipindua ili isichanganywe na A ya kawaida, basi. Na hii E inasomwa 'kuna angalau mmoja.' Mama Eliudi, mteja akikuuliza habari za mayai, unamwambiaje?"

"Namwambia kila yai ni zima."

"Akirudi na mangapi maviza ndiyo uwe umemdanganya?"

Mama Eliudi alikunja uso, lakini lilikuwa swali la kazi yake. "Moja. Moja tu, na atanitangaza Burma yote."

"Na ili uwe na hakika kabla hajaja?"

"Nayatia kwenye beseni la maji. Linaloelea natoa."

"Yote?"

"Yote, we mtoto! Nikiruka moja, hilo hilo ndilo litakaloniaibisha."

"Hicho ndicho kitabu hiki kinachosema," Wambui akasema. "Kinasema hivyo kurasa mia tatu."

Mtu mmoja akacheka puani. Wambui hakumngoja. "Kwa kila yai, kuna kuku aliyelitaga. Kweli?" Kweli, wakasema. Akahamisha zile alama mbili, ya nyuma akaiweka mbele. "Sasa inasema kuna kuku mmoja, ambaye kila yai limetagwa na yeye. Alama ni zile zile. Ni kweli?"

Mama Eliudi alitazama boksi, akazitazama trei zake, kisha tumbo likaanza kutikisika. "Kuku huyo nionyeshe! Nionyeshe mara moja, nami nahama Jericho leo!"

Nyumba nzima ilivunjika mbavu. Walicheka mpaka wakapanguza macho kwa vitambaa vya kichwa, na nikamwona Mama ameinua uso, anamtazama mtoto wake kama mtu aliyeletewa mgeni. Nilidhani tumeshinda. Kisha Mama Eliudi akanyoosha kidole kwenye kitabu cha topolojia.

"Na hizo pembe?"

Wambui alikuwa amefika katikati tu ya kitabu kile, na hakuwa mtu wa kusema asichokijua. "Ndani ni mpira kama mpira mwingine wowote," akasema. "Nje ndiko kuna matatizo. Bado sijaelewa vizuri kwa nini."

"Kama ndani ni mpira na nje ni pembe, basi huyo ni mnafiki," akasema Mama Eliudi. "Herufi nimezielewa. Mishale tumwachie Mungu. Lakini pembe ni pembe, mwanangu."

Hata mimi leo sijui ningebisha vipi. Jumapili tulisimama uwanjani, kile cha topolojia kikatiwa motoni peke yake. Gazeti lilishika kwanza, halafu kurasa zikajikunja moja moja, na Wambui akanibana mkono mpaka ukafa ganzi. Tukirudi nyumbani, Mama alitembea mbele yetu mpaka karibu na bomba la maji, akageuka. "Hiyo ya kuku irudie," akasema. Wambui akairudia. Mama akaisikiliza yote, akatikisa kichwa. "Mjomba wako ampe mtu mwingine hiyo nafasi ya taipu. Wewe utaenda chuo."

Na alienda. Mama Eliudi mwenyewe alimchemshia mayai ya safari, ingawa kutoka Jericho hadi chuoni ni mwendo wa asubuhi moja tu, na akamwombea kwa sauti iliyowafanya majirani watoke nje. Nililia kwa furaha. Nilikuwa nimefunga kula siku nzima ya Ijumaa nikimwomba Mungu asiniache niwe ndiye niliyemharibia dada yangu maisha, na Mungu alikuwa amenisikia.

Chuoni kulikuwa na mambo mengi ya kuchagua. Aljebra alikuwa ameshaisoma, mantiki alikuwa ameshaisoma. Aliniandikia barua kwamba amechagua topolojia, kwa sababu kuna jambo aliliacha katikati na linamkosesha raha. Hapa nyumbani waliokuwa wakiifundisha kwa kina walikuwa wachache, basi akapelekwa ng'ambo kuimalizia. Nilisoma barua ile nimekaa kwenye kitanda chetu, nikiwa na miaka kumi na minne na blanketi zima peke yangu. Haikunijia akilini kuogopa. Nilijivunia tu.

Siku hizi hakuna anayechoma kitabu mtaani, kwa sababu hakuna anayekiogopa. Mjukuu wangu ana vitabu vya dunia nzima kwenye simu, vya pembe na vya mishale, na anachotazama humo ni watu wakianguka kwenye ngazi. Sisi tulikuwa na vinne, tukagombana, tukafunga, tukaomba, tukacheka juu yake, na mwanamke aliyeuza mayai akakisoma kimoja akakielewa. Nikiwasimulia vijana, wananiangalia kama nawapigia hadithi za sungura. "Lakini shosh," wananiambia, "si mnaonana na anti Wambui kila wiki kwa simu? Enzi zenu mlikuwa hata hamna simu."

Ni kweli, tunaonana. Amekuwa profesa, ana nywele nyeupe fupi, na nyuma yake kuna ukuta mzima wa vitabu visivyovalishwa. Alikuja kumzika Baba, akaja kumzika Mama, akakaa siku kumi kila safari. Mimi huwa simwambii ninachowaza tukishaagana: kwamba angalikimaliza kile kitabu palepale kitandani, pengine angalitosheka nacho, angalirudi akawa mwalimu hapa mtaani Makadara, na leo tungekuwa tunazeeka mlango kwa mlango. Birika ni mimi niliyelibeba. Juzi nilimuuliza kama atakuja Krismasi. Akasema atajaribu. Amekuwa akijaribu tangu Mama alipozikwa, na kila Desemba mimi hufua blanketi.