Mguu Uliokuwa na Joto

Ndugu zangu, niliporudi kutoka hospitali mliniomba nisimame kanisani niseme yaliyonipata. Nilisimama, lakini pumzi ilikuwa bado fupi na nusu ya maneno yalibaki kifuani. Nayaandika sasa yote, tangu mwanzo, ili mwenye mguu kama ulivyokuwa wangu ayasome kabla hajachelewa.

Naitwa Eliya. Wazazi wangu ni Warundi, nami nilikulia kambini, Kigoma. Nilipofika Louisville, Marekani, nilikuwa kijana mwenye mguu mzuri wa kushoto na Kiingereza kibovu. Tulipewa nyumba South End. Mchana nilipakia maboksi ghalani, jioni nilicheza mpira. Sikuwahi kucheza ligi ambayo mngeiona kwenye televisheni. Nilicheza zile za chini, ambazo uwanja ni wa shule na watazamaji ni wake za wachezaji. Klabu moja ilikufa katikati ya msimu. Nyingine ilihamia mji mwingine bila kutuaga. Lakini beki wa kushoto hapatikani kirahisi, kwa hiyo kila mara palikuwa na mtu wa kunipigia simu. Wenzangu waliniita Kifurushi, kwa kuwa nilitumwa mji hadi mji kama mizigo ya ghalani kwetu. Nilicheka nao.

Mwaka jana, theluji ilipoanza kuyeyuka, simu ilitoka Buffalo. Timu ya huko, ya daraja la juu kidogo kuliko nilikozoea, ilitaka kunitazama. Nilikuwa nimeshavuka miaka thelathini. Mke wangu, Furaha, aliniambia, "Nenda. Lakini hii iwe ya mwisho. Wakikuchukua, tunahama wote. Wasipokuchukua, unatulia hapa na sisi."

Tukakubaliana hivyo. Nilibeba maneno hayo safari nzima. Kila mwili uliponiambia simama, mimi nilisikia Buffalo.

Wiki moja kabla ya safari, katika mechi ya kirafiki, mshambuliaji mmoja alinipiga goti kwenye shavu la mguu wa kushoto. Nilimaliza mechi nikichechemea. Kesho yake pale palikuwa peusi. Niliomba ruhusa kazini, nikalala kwenye kochi siku nzima, siku baada ya siku, nikiutunza mguu kwa ajili ya majaribio. Nilidhani kulala ndiko kupona.

Tulisafiri na Bisimwa, golikipa kutoka Bukavu, ambaye naye alikuwa ameitwa Buffalo. Gari lilikuwa lake, dogo, na kiti cha mbele kilikuwa kimejaa mabegi yetu. Nilikaa nyuma nimekunja magoti. Tulikubaliana tusinywe maji mengi ili tusisimame njiani. Tulipofika Columbus, jimbo la Ohio, ambako tulipanga kulala kwa shangazi yangu, niliteremka na mguu ukakataa kunyooka. Soksi ilikuwa imechora mfereji kwenye nyama.

"Yaya, ile mguu yako imebeba mimba," Bisimwa alisema. Kwao Kongo, yaya ni kaka mkubwa.

Waliokulia kambini kwetu wanaijua mikono ya Shangazi Generoza. Ndiyo iliyokanda migongo ya wanawake waliotoka kujifungua, na ndiyo iliyotunyoosha vifundo kila tulipoteguka uwanjani. Kwetu mguu ulioumia haulali bila kukandwa, na mkono wa Shangazi haukataliwi.

"Leta mguu," alisema kabla sijakaa.

"Shangazi, nimechoka tu."

"Sikukuuliza kama umechoka. Leta mguu."

Alichemsha maji, akatia chumvi, akachovya taulo. Kisha akachukua mafuta na kuanza kwenye kifundo, akipanda kuelekea goti kwa vidole gumba viwili. Maumivu yale sikuwahi kuyapata uwanjani. Hayakuwa ya juu, yalikuwa ndani, kama kamba inayovutwa ndani ya nyama.

"Damu imelala humu," alisema. "Lazima iamke."

"Inauma, Shangazi."

"Mtoto wa kaka yangu, ulipokuwa mdogo hukuwa unalia. Amerika imekufanya yai."

Bisimwa alicheka mdomo ukiwa umejaa ugali, akachanganya na Kifaransa cha kwao. "Shangazi, kamata ile mguu nguvu. Donc kesho tuko na kazi nayo."

Alikanda mpaka maji yakapoa. Nililala nikiwa nimepata nafuu, na nikamshukuru Mungu kwa mikono ile.

Asubuhi tuliendelea na safari. Kabla hatujatoka Ohio nilianza kukohoa, kikohozi kikavu, kidogo kidogo. Kisha kila nilipovuta pumzi ndefu, kitu kilinichoma chini ya mbavu upande wa kulia. Nilijiambia ni sakafu niliyolalia. Nikawa navuta pumzi fupi fupi ili kisinichome.

"Unahema kama umesukuma gari," Bisimwa alisema akinitazama kwenye kioo.

"Endesha wewe."

"Bon. Naendesha. Lakini uzee huo, yaya, tutakutafutia fimbo."

Majaribio yalikuwa kwenye ukumbi wa ndani, Cheektowaga, nje kidogo ya Buffalo, kwenye nyasi bandia. Kutoka chumba cha kuvalia kulikuwa na ngazi fupi ya kupanda. Nilipofika juu moyo ulikuwa unapiga kama niliyemaliza mechi, na mechi haikuwa imeanza. Vidole vilikuwa baridi. Jasho lilikuwa baridi pia. Nilikimbia mzunguko wa kwanza wa kupasha mwili. Katika wa pili niliinama, nikajifanya nafunga kamba za njumu. Nikakohoa kiganjani. Nilipofungua mkono niliona uzi wa damu kwenye mate.

Niliufuta kwenye bukta na kusimama.

Kocha alikuwa ameona. Aliitwa Viktor, mtu wa makamo, mzaliwa wa Urusi. Miaka yake yote ya uchezaji aliimaliza huko kwao kwenye madaraja ya chini kama yangu, ambako mechi ya ugenini ilimaanisha siku nzima na usiku wake ndani ya treni. Alinijia akichechemea, maana nyonga yake ni mbovu.

"Umekuja na nini?"

"Gari. Kutoka Louisville."

"Shusha soksi. Zote mbili."

Nilizishusha. Miguu yangu haikufanana. Wa kushoto ulikuwa umevimba, mwekundu, ngozi inang'aa. Aliinama, akaushika, kisha akaushika wa pili, kisha akarudi kwa wa kwanza.

"Ulipigwa?"

"Wiki iliyopita. Si kitu, kocha. Jana umekandwa vizuri."

"Umekandwa," alirudia polepole. "Nipe kizibao cha mazoezi."

"Kocha, nusu saa tu. Nimetoka mbali."

"Wote tumetoka mbali. Nilikuwa na beki wa kati kule. Tulishuka kwenye treni, mguu wake mmoja ukiwa hivi. Tulimtania kwamba amevaa soksi mbili. Kipindi cha kwanza alikimbia. Cha pili hakukiona." Alinyoosha mkono. "Kizibao. Na usitembee. Kaa hapo hapo."

Nilikaa chini nikiwa na hasira. Nawaambia ukweli, wakati anapiga simu ya ambulensi, mimi nilikuwa namtazama kijana aliyepewa nafasi yangu, nikihesabu makosa yake.

Hospitalini walipima mguu kwa mashine ya kuteleza juu ya ngozi, kisha wakanipitisha kwenye skani ya kifua. Waliponidunga dawa ya kuangazia mishipa, joto lilishuka tumboni hadi kinenani, nikaamini nimejikojolea. Nilijigusa. Nilikuwa mkavu.

Daktari alikuwa mwanamke mfupi, mtulivu. Alimpigia mkalimani simu, akaiweka kwenye mto wangu, na sauti ya dada asiyeonekana ikasema kwa Kiswahili safi, "Daktari anasema, damu iliganda kwenye mshipa mkubwa wa mguu. Vipande vimekatika, vimesafiri, vimeziba mishipa ya mapafu yote mawili."

"Mwulize kama nitacheza kesho kutwa."

Daktari akajibu.

"Daktari anasema, swali la leo ni kama utaamka kesho. Usishuke kitandani, hata kwenda haja. Utatumia chupa."

Wakaanza kunipa dawa ya kuzuia damu kuganda, kwa mpira wa dripu mkononi. Bisimwa alisimama ukutani, mikono kichwani, hana mzaha hata mmoja. Ndipo nikaogopa.

Alasiri ile hali ilibadilika ghafla. Nilikuwa naongea na Furaha kwenye simu. Nikaona dari linasogea. Hewa niliivuta, lakini haikufika popote. Ni kama kunywa kwa mrija uliotoboka. Mashine ilianza kulia na chumba kikajaa watu. Walinilaza kichwa chini, wakanifunga kinyago cha hewa, mmoja akawa anasoma namba za presha kwa sauti, na kila namba ilikuwa ndogo kuliko iliyotangulia. Simu ilikuwa bado shukani. Nilimsikia Furaha akiita jina langu, kisha akaacha kuita, akaanza kuomba. Daktari alinishika bega akasema maneno ambayo sikuyaelewa. Walikuwa wamempigia tena yule mkalimani na kuiweka simu yake juu ya mto wangu. Kwa kawaida wao hawaongezi neno lao. Yeye aliongeza.

"Daktari anasema, vuta pumzi pamoja naye. Na mimi nakuambia, kaka yangu, vuta."

Nilivuta. Daktari alivuta, nami nikavuta. Sijui ilichukua muda gani. Namba zikasimama, kisha zikaanza kupanda, kidogo, kama mtu anayepanda ngazi na mguu mbovu.

Baada ya siku chache niliweza kuketi. Tumbo langu lilikuwa na madoa meusi ya sindano za kuzuia damu kuganda, na mgongo uliwaka kwa kulala. Daktari aliuliza tena habari za kukandwa. Nilimweleza. Alisema, kupitia yule dada, kwamba hakuna awezaye kuapa ni nini kilichokata vile vipande. Pengine vingekatika vyenyewe. Lakini mguu wenye damu iliyoganda haubonyezwi, wala haupashwi moto.

Siku hiyo hiyo Shangazi alipiga simu. "Ukirudi pitia hapa," alisema. "Niumalizie."

Furaha alinisihi nisimwambie. "Ana moyo mwepesi. Ukimwambia amekukaribisha kaburini kwa mikono yake, hatalala tena."

Niliwaza sana. Lakini mikono ile hukanda watu kila wiki. Nikampigia, nikamweleza neno kwa neno alivyosema daktari, bila kupunguza na bila kuongeza.

Nilisikia televisheni ya kwake ikiongea peke yake. Mwishowe akasema, "Mguu ulikuwa na joto, Eliya. Nililisikia. Nikadhani ni la maji yangu."

Kurudi Louisville hakukuwa kama kwenda. Daktari aliagiza tusimame mara kwa mara nitembee. Tulisimama kila kituo cha mafuta, tukazunguka pampu, Bisimwa akiwa amenishika kiwiko.

"Angalieni," aliwaambia watu wasioelewa. "Ile kifurushi leo inatembea yenyewe."

Nilimeza vidonge kwa nusu mwaka. Nikijikata kwa wembe, damu haikukoma haraka. Mpira wa kugongana ulikatazwa. Nilitembea kwenye maegesho ya kanisa letu, mwanzo nikipumzika kwenye kila nguzo ya taa, baadaye kwenye chache tu. Kuna wakati nililia kwenye ngazi za nyumbani kwangu kwa kushindwa kubeba mfuko wa mchele. Kisha siku moja niliubeba.

Madaktari waliponiruhusu kucheza, Viktor alinipigia mwenyewe. Msimu mwingine ulikuwa unakaribia. "Njoo," alisema. "Siahidi kitu. Na usimame njiani."

Mimi na Bisimwa tulipitia tena Columbus. Sebuleni kwa Shangazi tulimkuta mtu ameketi, suruali imekunjwa hadi gotini. Alikuwa dereva wa malori, ametoka safari ndefu, na alilalamika kwamba mguu umekaza tangu juzi. Maji yalikuwa yanachemka. Mafuta yalikuwa mezani. Nilibaki mlangoni.

Shangazi aliweka mgongo wa mkono wake kwenye mguu mmoja wa dereva, kisha kwenye wa pili. Akauzungushia ukanda wa kitenge ule wa kwanza, akapeleka ukanda kwa wa pili. Haukufika sawa; mguu mmoja ulikuwa mnene kuliko mwenzake. Akafunika mafuta.

"Mama, mbona unafunika?" dereva aliuliza. "Nimekuja ukande."

"Huu si wangu," alisema. "Nani ana gari?"

Gari tulikuwa nalo. Njiani kuelekea hospitali nilimpigia Viktor nikamwambia tutachelewa, kuna mguu.

"Mguu wa nani?" aliuliza haraka.

"Si wangu, kocha."

"Basi chelewa."

Yule dereva walimlaza siku hiyo hiyo. Mshipa ulikuwa umeziba. Mapafu yake yalikuwa bado safi. Amerudi barabarani, na husimama njiani.

Buffalo hawakunichukua. Walimchukua kijana mwenye kasi kuliko mimi, na baada ya kumtazama nilikiri kwamba walikuwa sahihi. Nimetulia South End kama tulivyoahidiana na Furaha. Jumapili jioni nacheza na wazee wenzangu, na nikichoka ni kuchoka tu.

Namshukuru Mungu. Namshukuru Furaha, Bisimwa, yule daktari, na dada wa kwenye simu ambaye sitamjua kamwe kwa sura. Namshukuru Viktor, na beki wake wa kati ambaye mguu wake ulizungumza kwa ajili yangu. Na Shangazi Generoza, aliyeniruhusu niyaandike haya na jina lake, akaongeza, "Uandike na joto. Usisahau joto."

Nimeandika. Mkisafiri, teremkeni mtembee, mnywe maji. Mguu mmoja ukivimba kuliko wa pili, ukikaza, ukiwa na joto, usikandwe na mtu yeyote, hata anayekupenda, nenda hospitali. Ukikosa pumzi, piga simu ya ambulensi hapo hapo uliposimama. Mkono wa kwanza uwe wa kupima. Wa kukanda utasubiri.