Mstari wa Matoka Niliousogeza

Siku moja naikumbuka kuliko zote za ujana wangu, mwanangu.

Ilikuwa miaka michache baada ya bendera yetu kupandishwa. Nilikuwa nachora vibao vya maduka pale Majengo, Nyeri, lakini moyo wangu ulikuwa kwenye miteremko ya kwetu. Mwenye hoteli mmoja akaniagiza picha ya kijiji chetu aitundike ukutani. Nikakaa ng'ambo ya mto siku tatu, nikichora mashamba mawili yaliyopakana: la Mama Nyambura, mjane, na la Kariuki, jirani yake. Katikati ulipita mstari wa matoka, yale maua tunayopanda kuwa mpaka. Ulikuwa umepinda vibaya, unaniharibia picha. Nikausogeza pale kwenye picha hadi karibu na nyumba ya mjane, ili mibuni yake, sasa upande wa pili, ionekane imejipanga vizuri. Nani angejali? Watu waliisifu picha, nami nikavimba kichwa.

Mwaka uliofuata mvua iliporomosha udongo, matoka yakaenda na maji. Kariuki akadai kile kipande chenye mibuni ya mjane. Wazee walipokaa kuamua, nami nimeitwa, akaja na picha yangu kwapani, ameiazima hotelini.

"Huyu kijana hana ugomvi na mtu," akasema. "Alichora kile aliona. Ama mtasema ati macho yake ni mbaya?"

Wazee wakanigeukia. Mwanangu, niliogopa. Nikikiri, nani angeniamini tena na brashi yangu? Na Kariuki alikuwa mtu wa hasira, mlango wake ukitazamana na wa nyumba yetu kijijini. Nikatazama viatu vyangu, nikasema sikumbuki vizuri. Wazee wakaahirisha kwa wiki moja.

Wiki ile nilibaki kijijini. Kila asubuhi nilisikia panga likilia upande wa mashamba yale, nikajiambia ni mtu anakata kuni. Siku ya sita nikaenda kuchungulia. Kariuki hakuwa amengoja wazee. Alikwishakata mibuni minane apande viazi. Mama Nyambura alikuwa amesimama kando ya mashina.

"Wewe si ulikaa hapo siku tatu?" akaniuliza. "Hata nikakuletea uji. Sasa niambie, matoka yangu uliona ama hukuona?"

"Niliona, Mama."

"Mimi nilikuwa najua. Enda uambie wale hawajui."

Kesho yake nikakiri mbele ya wazee kwamba mstari niliusogeza mimi. Shamba likarudi. Wakaniamuru niupande mstari ule upya kwa mikono yangu, na kila kona yake, mjane akinionyesha. Lakini mibuni minane haikurudi, na mbuni huchukua miaka kabla ya kuzaa. Misimu yote ile nilipopita kwake niliharakisha mwendo.

Heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi, walisema wahenga. Wewe unayependa kuchora, pamba mawingu upendavyo, lakini mpaka wa mtu uuache ulivyopinda. Na ukikosea, sema siku ile ile unayoulizwa. Mkono wangu ulidanganya, ndiyo, lakini kilichokata mibuni ile ni kimya changu cha wiki moja.

Mungu akupe jicho linaloona, mwanangu, na ulimi usiochelewa.